Mama mdogo alifunguka mbele ya kamera yangu. Je, nina haki ya kuyatumia aliyoyasema?

Anti, shikamoo.

Mimi ni binti wa miaka 27, kwetu Tanga, kwa sasa naishi Dar es Salaam. Nilisomea filamu, na kinachonilisha ni kupiga video za harusi na sendofu. Lakini roho yangu iko kwenye filamu za hali halisi, hasa zile zinazoingia ndani ya maisha ya mtu mmoja au nyumba moja. Viongozi na mashujaa hawanivutii. Navutiwa na yale yanayosemwa jikoni wageni wakishaondoka.

Kwa muda mrefu sasa narekodi filamu yangu ya kwanza. Inamhusu mama yangu mdogo. Nilipokuwa darasa la tatu alikwenda Muscat kufanya kazi za ndani, akarudi mimi nimeshamaliza kidato cha nne. Siku hizi anauza vitumbua pale Ngamiani. Nilianza kumrekodi akiloweka mchele, akikuna nazi, akiwasha moto alfajiri, akiwahudumia watoto wanaokwenda shule. Sikuwa na mpango mwingine zaidi ya huo.

Usiku mmoja umeme ulikatika. Tukabaki wawili jikoni na taa ya kuchaji. Sikumuuliza swali lolote. Akaanza mwenyewe kusimulia jinsi bibi alivyofariki yeye akiwa Muscat, na jinsi alivyofichwa. Mama yangu na mjomba walikubaliana asiambiwe, kwa sababu mkataba wake ulikuwa haujaisha, pasipoti yake alikuwa nayo mwajiri, na mshahara wake ndio uliokuwa ukiendesha nyumba. Akipiga simu kumuulizia bibi, anaambiwa amelala. Nakumbuka vizuri, sisi watoto tulikatazwa kabisa kusema. Aliambiwa arobaini ikiwa imeshapita. Kisha akaingia kwenye habari ya nyumba iliyojengwa kwa pesa alizokuwa akituma, ambayo leo ina jina la mjomba, na mjomba ndiye anayeishi humo. Alilia, akanyamaza, akaendelea kukuna nazi. Anti, sijawahi kurekodi kitu chenye nguvu kama kile.

Mkufunzi wangu yuko Ulaya, tunaongea kwa mtandao. Alipokiona kipande hicho aliniambia kuwa hapo ndipo filamu ilipo, nirudi nikachimbe zaidi. Mwisho wa mwezi huu natakiwa kupeleka maombi ya ufadhili pamoja na kionjo cha dakika chache, na ananisihi kipande hicho kiwemo.

Mama alipopata habari, maana mama mdogo mwenyewe alimdokeza, alinipigia simu akanitaka nifute kila kitu. Anasema naianika familia, na mjomba akijua, undugu umekwisha. Nilipomuuliza mama mdogo moja kwa moja, alinijibu, "Fanya unavyoona, wewe ndiye msomi." Tangu hapo hajakataa kurekodiwa, ila akiona kamera anazungumzia bei ya mchele tu.

Mimi naamini wanawake waliokwenda Uarabuni kutafutia familia zao wamenyamazishwa vya kutosha. Mama mdogo alisema kwa hiari yake. Je, nina haki ya kutumia maneno yake? Mama ana haki ya kunizuia? Na nimlipe mama mdogo, au nikimlipa nitakuwa nimeinunua siri yake?

Mwanafilamu, Dar es Salaam

*

Marahaba mwanangu.

Nianze na lile lenye tarehe. Kipande hicho usikipeleke mwisho wa mwezi huu. Usikifute pia. Kinakili kwenye diski mbili, ziweke mahali tofauti, na kwa sasa asikione mtu mwingine yeyote. Mkufunzi wako ameshakiona, hilo limepita, lakini mwombe asikionyeshe kwa wenzake.

Sasa tuzungumze kuhusu lile jibu la "fanya unavyoona, wewe ndiye msomi", kwa sababu nadhani umelisoma kama ruhusa iliyotolewa kwa unyonge, ukajiambia kuwa ruhusa ni ruhusa. Mimi nasikia kitu kingine. Mtazame anayesema. Huyu ni mwanamke ambaye wakubwa wake walikaa kikao wakaamua lini ajue kuwa mama yake amekufa. Pesa zake ziliamuliwa na wengine, na jina kwenye hati ya nyumba likaamuliwa na wengine. Kila mmoja alikuwa na sababu, na huenda kila mmoja alijiona anafanya kwa heri ya familia. Leo anakuja binti wa dadake, mwenye elimu na kamera, anamuuliza kama anaweza kuyatumia maneno yake. Anajibu alivyozoea kujibu maishani mwake, kwamba muamue nyinyi. Ukiamua kwa niaba yake, hata kama unaamua kwa mapenzi na kwa haki za wanawake wote waliokwenda Uarabuni, utakuwa umemfanyia jambo lilelile alilokuwa akililia usiku ule. Filamu itasema kuwa alinyimwa nafasi ya kuamua mambo yake mwenyewe, na filamu hiyohiyo itakuwa imetengenezwa bila yeye kuamua.

Hilo ndilo linalonifanya niwe mkali kuhusu tarehe yako. Lingekuwa jambo la aibu ndogondogo, ningekwambia mkae chini kwa saa moja mmalize.

Angalia pia alikuwa anazungumza na nani. Unasema alisema kwa hiari, na mimi nakubali. Lakini hiari ile ilikuwa ya mama mdogo na mwanawe, gizani, mikono ikiwa kazini. Kamera alishaizoea kama anavyolizoea jiko. Kabla ya kuandika safu hii nilifanya kazi ya redio kwa miaka mingi, na najua kuwa mtu akikuzoea husahau maiki kabisa, huongea na uso wako. Ndicho kipaji chako hicho, na nakipenda, maana si kila mwenye kamera anaweza kukaa na mtu mpaka mtu amsahau. Ila kadiri unavyoweza kuwasahaulisha watu kamera, ndivyo deni lako la kuwakumbusha linavyokua. Mtu wa harusini anajua anapigwa picha, kajipamba kwa ajili hiyo. Mama mdogo hakujipamba.

Na ameshakukumbusha mwenyewe. Kuzungumzia bei ya mchele kila kamera inapotokea ni jibu. Hajapata tu njia ya kukuambia "hapana" bila kukuvunja moyo, kwa kuwa anakupenda na anajua umeiwekea filamu hii matumaini.

Basi muulize upya, na safari hii muulize kwa namna ambayo anaweza kukataa. Mwonyeshe kipande chote, kuanzia umeme ulipokatika mpaka mwisho, kwenye skrini ya kompyuta, mchana, akiwa peke yake na wewe. Simu isitumike, ni ndogo, na kwenye skrini ndogo mtu hajioni vizuri. Wengi wanaokubali kurekodiwa hawajawahi kujiona wakilia. Akishajiona ndipo atajua unamwomba nini. Baada ya hapo nyamaza, umwache aseme la kwanza.

Kisha tenganisha maswali. Hapa ndipo wanafilamu wengi wachanga wanapokosea, wanauliza "naweza kutumia?" kana kwamba watazamaji wote ni kitu kimoja. Muulize kama anakubali dada yake aione. Muulize kuhusu mjomba. Muulize kuhusu ukumbi wa watu asiowajua, Nairobi au Amsterdam. Muulize kuhusu Zanzibar, kwenye tamasha la ZIFF, ambako filamu zimekuwa zikionyeshwa hadharani pale Ngome Kongwe na mtu wa Tanga anaweza kuwa amekaa kiti cha mbele. Muulize kuhusu runinga, na kuhusu mtandaoni. Umweleze ukweli kuwa hayo hayana ukuta kati yao. Filamu ikianza kuzunguka, mtu atarekodi sekunde 30 kwa simu, na sekunde hizo ndizo zitakazofika kwenye kundi la WhatsApp la wateja wake wa vitumbua. Huenda akasema Ulaya sawa, Tanga hapana. Basi ujue kuwa huwezi kumhakikishia hilo, na umwambie hivyo bila kuzungukazunguka.

Usichukue jibu siku hiyo. Mwachie muda, rudi, muulize tena. Kama ana shoga yake anayemwamini au mama wa msikitini, mwambie ashauriane naye. Jibu likiwa lilelile mara ya pili, ndilo jibu.

Kuwaonyesha wahusika si jambo jipya wala la huruma tu. Mfaransa Jean Rouch, miaka ya 1950, alirudi Ayorou, kando ya mto Niger, akawaonyesha wawindaji filamu aliyowapiga wakimwinda kiboko. Sehemu ya mawindo alikuwa ameipamba kwa muziki wa wawindaji wenyewe. Wakamwambia autoe. Kiboko akiwa ndani ya maji anasikia, mawindo hayataki kelele, muziki ule ungemkimbiza. Rouch akauondoa, na tangu hapo kuwaonyesha watu picha zao kukawa sehemu ya namna yake ya kufanya kazi. Mama mdogo naye anaweza kukuambia kitu kuhusu usiku ule ambacho wewe na mkufunzi wako hamkukiona kabisa. Pengine kinachomuuma zaidi hakimo katika yale aliyoyasema.

Akikubali, mwandikiane. Fomu iwe ya Kiswahili, fupi, isomwe kwa sauti, na sauti yake akikubali irekodiwe pia. Iseme kipande gani, kitaonyeshwa wapi, na mpaka lini anaweza kubadili mawazo. Mimi ningeweka mpaka siku uhariri wa picha unapofungwa, yaani filamu isipobadilishwa tena, na kabla ya siku hiyo aone filamu nzima. Tanzania tunayo Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, na Kenya wana yao ya mwaka 2019, zote zinatambua ridhaa ya mhusika. Isome, na mambo ya vibali uyamalize Bodi ya Filamu kama kawaida. Lakini usije ukajificha nyuma ya karatasi. Saini ya mtu anayekupenda ni rahisi mno kuipata.

Kuhusu mama yako. Hana haki ya kufuta maneno ya mdogo wake. Alishaamua mara moja mdogo wake ajue nini na lini, inatosha. Unaweza kumwambia hivyo kwa adabu, si kwa simu, na si siku mmoja wenu akiwa na hasira. Ana haki juu ya sura yake, sauti yake na simulizi yake mwenyewe. Na hapa nakuomba upunguze kasi ya kumhukumu. Umesikia upande wa aliyefichwa. Aliyeficha naye alifiwa na mama yake, akazika, akasimamia arobaini, na kila simu ilipoita kutoka Muscat ilimbidi aseme "amelala". Nani alikuwa akilipia matibabu ya bibi, na ada zenu nyinyi watoto zilitoka wapi? Na mdogo mtu angeambiwa, angeweza kweli kutoka, pasipoti ikiwa kwa mwajiri? Mfumo wa kule wa kumfunga mfanyakazi kwa mdhamini wake ndio uliowaweka ndugu hawa kwenye kona hiyo, na filamu inayomwonyesha dada katili tu itakuwa imemwachia mkubwa zaidi aende zake. Muulize mama yako bila kamera. Sina hakika atakujibu, lakini anastahili kuulizwa.

Mjomba ni jambo gumu zaidi, maana hapo kuna shutuma ya mali. Kumwonyesha mtu anayetambulika kuwa amekula nyumba ya ndugu yake, bila kumsikiliza na bila kuona karatasi, ni hatari kisheria na ni dhuluma kama si kweli. Ama umsikilize na uangalie nyaraka, ama habari ya nyumba uiache nje ya filamu hii. Kumbuka pia kuwa filamu ikitoka, wewe utakuwa Dar au kwenye tamasha, na mama mdogo atakuwa palepale Ngamiani, jirani na mjomba, anakutana naye misibani. Kama anataka nyumba yake, wakili au msaada wa kisheria utamfaa kuliko filamu, na ukimsaidia kumpata huyo utakuwa umefanya jambo kubwa.

Mkufunzi wako anaijua kazi, sina shaka. Lakini amekiona kipande, hajaiona nyumba. Neno "chimba" linasemeka kirahisi na mtu ambaye hatakaa kwenye jamvi na hao wanaochimbwa. Mwandikie kuwa ridhaa bado haijakamilika. Kwenye maombi andika ukweli huohuo, kwamba kuna jambo la familia ambalo mhusika bado analitafakari na kwamba utalitumia akikubali tu. Wafadhili wanaoijua kazi hii, kama Docubox wa Nairobi wanaosaidia filamu za hali halisi za Afrika Mashariki, wanaelewa kuwa filamu za aina hii huchukua miaka. Wanafilamu Maia Lekow na Christopher King walikaa miaka kadhaa na familia moja ya Pwani ya Kenya, ambamo bibi alikuwa akishutumiwa uchawi na jamaa zake huku suala la ardhi likiwa nyuma yake, na filamu ikakamilika mwaka 2019. Ugomvi wa ndugu hauiviki kwa tarehe ya mfadhili. Kionjo chako kina mchele, nazi, moto wa alfajiri, watoto wa shule, na mwanamke aliyerudi kutoka Muscat anayehesabu chenji. Kama wewe ni mpigapicha mzuri, hicho kinatosha kumfanya mtu atake kujua zaidi.

Kuhusu pesa, mlipe. Mlipe kwa muda wake, kwa mchele na mkaa ulioungua wakati wewe ukirekebisha taa, na mpangie fungu lake filamu ikiingiza chochote, liandikwe. Najua wapo wanaosema mhusika wa filamu ya hali halisi halipwi, eti atasema unachotaka. Mwanamke aliyefanya kazi ya ndani miaka yote hiyo pesa zikaishia kwa wengine, halafu akufanyie na wewe kazi ya bure, hapana. Cha kuzingatia ni kwamba malipo yasitangulie wala kuandamana na swali la ridhaa. Mpe haki yake ya kazi iliyokwisha kufanyika, mwambie ni yake akikubali au akikataa, halafu ridhaa muiongelee siku nyingine.

Je, akikataa? Filamu yako haijafa. Kuna sentensi moja kwenye barua yako uliyoipitia haraka: "sisi watoto tulikatazwa kabisa kusema". Hiyo ni yako. Ulikuwepo nyumbani simu ilipoita, ulikuwa mtoto mwenye siri kubwa kuliko umri wake. Unavutiwa sana na mambo ya ndani ya watu, na kumbe la ndani kuliko yote lilikuwa kwako. Unaweza kukaa mbele ya kamera na kusimulia ulichokisikia na ulichokatazwa. Hata hilo mwonyeshe mama mdogo kabla ya watu wengine, kwa kuwa linamgusa, lakini kulisimulia hakuhitaji kuchukua kilio cha mtu yeyote. Na sitashangaa ukianza wewe, naye akapata hamu ya kujibu. Asipojibu, hakuna neno.

Nenda Tanga siku ambayo hana tenda ya vitumbua vya shughuli. Fika kwake kabla ya kwenda kwa mama yako, na mama yako umwambie mapema kwamba utaanzia huko, asije akadhani mnamteta. Beba kompyuta na diski. Kamera iache Dar.